Herufi Zisizotamkwa za Kitibeti

Mtu wa Lhasa akihesabu moja hata kumi, afikapo kwenye nane hutamka neno fupi lisikikalo kama "gye", kisha akaendelea na tisa. Bali akitakiwa kuliandika neno hilo hilo huzipanga herufi za b, r, g, y na d, irabu ya a ikifahamika pasipo kuandikwa, na ukimwuliza zimekwenda wapi hizo nyingine atakujibu kwamba ndivyo yalivyo maandishi, na ndivyo alivyofundishwa. Neno la jambo lililokwisha kutimizwa huandikwa bsgrubs, likasomwa "drup". Wala haya si maneno ya nadra yaliyotafutwa ili kumstaajabisha msomaji, maana takriban kila mstari wa Kitibeti umejaa konsonanti ambazo jicho huziona na sikio la mtu wa Lhasa halizipati.

Swali ambalo limewashughulisha maulamaa wa lugha hii kwa muda wa karibu miaka mia mbili ni hili: je, herufi hizo zilipata kutamkwa kwa kweli, au ziliwekwa na makatibu kwa sababu nyingine, kama vile kupambanua maneno yafananayo, au kutimiza kanuni za sarufi? Jibu lake lina uzito kuliko adhanivyo mtu alitazamaye jambo hili kwa mbali. Kitibeti kiliandikwa tangu karne ya 7, ilhali ndugu yake Kiburma, ambacho jiwe lake mashuhuri la Myazedi ni la mwanzo wa karne ya 12, kilichelewa sana. Na Kichina, kilichowatangulia wote kwa maandishi, kiliandikwa kwa alama zisizoonyesha sauti waziwazi. Kwa hiyo kila atakaye kujua jamii hiyo kubwa ya lugha ilisikikaje hapo kale hana budi kukiuliza Kitibeti, na kabla ya kukiuliza yampasa kujua kama ushahidi wake waaminika.

Hoja za pande zote ni nyingi, nazo zimetawanyika katika vitabu vya lugha mbalimbali. Nimeona afadhali kuzitia katika vinywa vitatu: cha Maalim, mzee ambaye imani yake i katika maandishi, cha Msikizi, kijana aliyeyategea masikio matamshi ya watu walio hai, na cha Bibi, ambaye hutafuta nasaba za lugha na kuziuliza jamaa na jirani. Hawa si watu wa kutajwa kwa majina, bali ni madhehebu matatu ya ilimu, na kila moja lina wafuasi wake hata leo.

MAALIM: Mtu aundaye hati kwa ajili ya lugha isiyopata kuandikwa hana tahajia ya wazee ya kumfunga mikono, yeye husikiliza, kisha akaandika alichokisikia. Mapokeo ya Watibeti yasema kwamba mfalme Songtsen Gampo, aliyefariki karibu na mwaka 650, alimtuma Thonmi Sambhota aende Bara Hindi kujifunza uandishi, naye akarejea akaweka herufi 30 na alama 4 za irabu, kwa kufuata mfano wa hati za Kihindi za zama zile. Na kumbukumbu za dola ya Tibeti, zilizoandikwa mwaka kwa mwaka na kupatikana katika pango la Dunhuang, zataja kwamba mwaka 655 sheria zilitiwa katika maandishi. Tufikiri kwa insafu: katibu wa mwaka ule, mwenye kazi nyingi ya dola na hati iliyo mpya bado, angekuwa na haja gani ya kuandika konsonanti tano ikiwa ulimi wake ulitamka moja? Herufi iliyo kimya ni masalio ya sauti iliyokufa, na hati changa haijapata bado wafu wa kuwazika.

MSIKIZI: Maalim wangu, nakustahi, lakini huyo Thonmi hatajwi katika hati za kale zilizotoka Dunhuang, habari zake twazisoma katika vitabu vilivyotungwa karne nyingi baada ya zama zake. Na vile vitabu viwili vya sarufi vinavyonasibishwa naye huzigawa herufi kuwa za kiume, za kike, na zisizo za kiume wala za kike, kisha vikaamuru ni ipi iwezayo kutangulia nyingine na ni ipi isiyoweza. Mwenye shaka aweza kudai kwamba kanuni za namna hiyo ndizo zilizozaa herufi, wala si sauti. Mimi sidai hivyo. Nasema tu kwamba kitabu hakiwezi kuwa shahidi wa nafsi yake.

MAALIM: Basi niletee shahidi wako.

MSIKIZI: Nakuletea kutoka magharibi, kutoka mabonde ya mto Indus huko Baltistan. Watu wa huko husema lugha iliyo tawi la Kitibeti, nao ni Waislamu tangu karne nyingi. Hati ya Kitibeti waliiacha zamani, wakashika herufi za Kiarabu kwa namna ya Waajemi. Mtu wa Lhasa asema "sum" kwa tatu, naye Mbalti asema "khsum". Wa Lhasa asema "shi" kwa nne, Mbalti "bzhi". Saba ni "dün" kwa huyu na "bdun" kwa yule. Na nane, ambayo Lhasa imeipunguza ikawa "gye", Mbalti huitamka "bgyat", akisikizisha b ya mbele na konsonanti ya mwisho, ingawa r imempotea. Sasa tazama, Maalim: mtu huyu hakufundishwa na tahajia kutia b mbele ya d, kwa sababu tahajia hiyo haisomi. Lau herufi hizo zingekuwa pambo la makatibu, zingalifikaje katika kinywa cha mkulima asiyepata kuona ukurasa mmoja wa kitabu cha Kitibeti?

MAALIM: Shahidi wako, mwanangu, ananishuhudilia mimi.

MSIKIZI: Anakushuhudilia, nami sikuja kukushinda kwa hilo. Nimekuja kusema kwamba pasipo yeye kitabu chako kingelibaki na madai matupu.

Hapa nawakatiza kidogo, kwa sababu heshima ina wenyewe. Mtu wa kwanza wa Ulaya kutoa kamusi na sarufi ya Kitibeti iliyosimama juu ya msingi madhubuti alikuwa Mhungaria, Körösi Csoma Sándor, aliyetoka kwao kwenda kuitafuta asili ya taifa lake mashariki, akajikuta katika baridi kali ya Zangla huko Zanskar akisoma Kitibeti. Vitabu vyake vikapigwa chapa Calcutta mwaka 1834, naye akafia Darjeeling mwaka 1842. Watu humsifu kwa uvumilivu wake, na sifa hiyo ni haki yake. Lakini pembeni yake, katika chumba kile kile cha baridi, aliketi mwalimu wake, mtawa Sangs-rgyas Phun-tshogs, ambaye ilimu yote ile ilitoka kichwani mwake, na ambaye jina lake hupitishwa upesi katika habari hizo kama kwamba alikuwa mshika taa tu. Mimi naona ni dhuluma, na sitachoka kuisema.

Baada yake akaja Heinrich August Jäschke, mmisionari wa kanisa la Kimoravia, aliyekaa Kyelang katika nchi ya Lahul tangu mwaka 1857. Huyu alikuwa na sikio la ajabu. Hakutosheka na matamshi ya mahali pamoja. Aliyapanga matamshi ya Baltistan, ya Ladakh, ya Lahul, ya katikati na ya mashariki, moja kando ya jingine, na katika kamusi yake iliyotoka London mwaka 1881 msomaji aweza kuona kwa macho jinsi neno moja lililotiwa konsonanti nne katika maandishi linavyopunguka kwa daraja kutoka upande mmoja wa milima hadi upande mwingine. Tangu siku hiyo haikuwezekana tena kwa mtu mwenye insafu kusema kwamba herufi zile ni pambo.

BIBI: Baltistan ni mbali, na mtu mkaidi aweza kusema kwamba hao walijizushia sauti zao wenyewe. Je, Lhasa haina kumbukumbu yoyote katika ulimi wake?

MSIKIZI: Inayo, Bibi, nayo yasikika sokoni kila siku. Nne ni "shi" na kumi ni "chu". Bali kumi na nne si "chushi", ni "chupshi", na arubaini si "shichu", ni "shipchu". Hiyo sauti ya p imetoka wapi? Maandishi ya nne ni bzhi na ya kumi ni bcu, kila moja na b yake mbele. Na neno likisimama peke yake b haina mahali pa kuegemea, imekwisha kuanguka, lakini likitanguliwa na neno lenye irabu mwishoni, b huiegemea irabu hiyo ikasikika. Kadhalika kumi na moja ni "chukchi", kwa kuwa moja huandikwa gcig, na g yake imepata pa kukaa. Nasi Waswahili hatuna haki ya kulistaajabia jambo hili. Twasema kaa, vaa, zaa, wala hatusikii l yoyote. Bali tukisema kalia, valia, zalia, l imesharejea, na jirani zetu Wagiriama husema ndzala pale tusemapo njaa. Aliyesikia kaa na kalia kwa pamoja hahitaji kitabu cha kumwambia kwamba palikuwa na l.

MAALIM: Mfano huo umeniingia, nami nauongezea jambo. Hati ya Kiarabu ambayo wazee wetu waliandikia tendi ilikuwa na herufi chache kuliko sauti za Kiswahili. P na b zilivaa nguo moja, na e na i kadhalika, na msomaji hakuweza kusoma ila awe amekwisha kuujua ulimi. Kwa Watibeti wa leo mambo yamekuwa kinyume, kwani hati yao yasema mengi kuliko ulimi wa Lhasa. Walakini niulize juu ya zile sauti zisizorejea katika kuunganisha maneno. Zimekufa bila ya alama?

MSIKIZI: Aghalabu zimeacha alama, ila si konsonanti tena. "Mimi" katika Kitibeti ni nga, na "tano" ni lnga. Katika Lhasa l ya mbele haisikiki, lakini maneno hayo mawili hayachanganyiki hata mara moja, kwa sababu nga ya "mimi" hutamkwa kwa sauti ya chini, na nga ya "tano" kwa sauti ya juu. Konsonanti ilipoondoka iliacha kimo chake juu ya irabu. Na ndivyo ilivyotokea pia kwa konsonanti zenyewe za msingi: zile za ghuna zilirithiwa na sauti ya chini, na zile zisizo ghuna zikarithiwa na sauti ya juu. Ndiyo maana watu wa Amdo kaskazini-mashariki, na Wabalti magharibi, ambao wamehifadhi konsonanti nyingi za mbele, hawana kabisa mpambanuo huo wa sauti ya juu na ya chini. Maadamu konsonanti ipo, kimo cha sauti hakina kazi ya kufanya.

BIBI: Nami niongeze kwamba konsonanti hizo zilikuwa na maana, si sauti tupu. 'Khor ni kuzunguka, na skor ni kuzungusha. S ile ya mbele ilifanya kazi inayofanana na ile ambayo sh hufanya katika neno letu zungusha. August Conrady, mwanachuoni wa Kijerumani, aliandika kitabu kizima juu ya s hiyo mwaka 1896, akaifungamanisha na habari ya kimo cha sauti ambayo kijana wetu ametoka kuieleza. Pambo la katibu haligeuzi kitenzi.

Basi hata hapa waweza kudhani kwamba mjadala umekwisha na Maalim ameshinda kwa msaada wa wapinzani wake. Lakini kupatana kwa namna hiyo ni kwa juu juu tu, kwa kuwa kukubali kwamba herufi zilitamkwa siko kukubali kwamba zilitamkwa kama zilivyo, wala lini, wala na nani. Na hapo ndipo Bibi aliponyosha mkono wake na kuchukua hoja kutoka upande usiotazamiwa.

BIBI: Mnazungumza kama kwamba Watibeti waliishi peke yao duniani. Mwaka 821 na 822 wafalme wa Tibeti na wa Uchina walifanya mkataba wa amani, na mwaka 823 nguzo ya mawe yenye mkataba huo kwa lugha zote mbili ilisimamishwa Lhasa mbele ya hekalu la Jokhang. Mfalme wa Tibeti wa wakati huo jina lake laandikwa Khri gtsug lde brtsan. Leo mtu wa Lhasa huanza jina hilo kwa "tri tsug". Wachina waliposikia mwanzo wake waliuandika kwa alama nne, ambazo kwa matamshi yao ya leo ni Ke-li-ke-zu. Tazameni: Khri imekuwa silabi mbili, kwa sababu sikio la Mchina lilisikia kh na r zikifuatana, na ulimi wake haukuweza kuzitamka pasipo kuzitenga; na gtsug imekuwa silabi mbili, kwa sababu g ya mbele ilisikika hata ikahitaji alama yake. Na mfalme mwingine wa kabla yake, Khri srong lde brtsan, srong yake waliiandika Su-long. Berthold Laufer aliyachambua mambo ya namna hii mwaka 1914 kwa kuitumia nguzo ile ile. Hapa hatuna tahajia wala mapokeo, bali tuna sikio la mgeni wa karne ya 9 aliyeandika alichokisikia.

MSIKIZI: Bibi, hoja hiyo ni tamu, ila naona kisigino chake. Matamshi ya Kichina cha enzi ya Tang nayo hatukuyasikia. Yalijengwa upya na wanachuoni, akiwamo Bernhard Karlgren. Tena Luo Changpei, katika kitabu chake cha mwaka 1933, aliyatafuta matamshi ya Kichina cha kaskazini-magharibi kwa kutazama maneno ya Kichina yaliyoandikwa kwa herufi za Kitibeti katika karatasi za Dunhuang. Ikiwa Kitibeti kinadhaminiwa na Kichina, na Kichina kinadhaminiwa na Kitibeti, mdai atamwendea nani?

BIBI: Ungesema kweli kama ningekuwa nimetegemea namna hasa ya kila sauti. Mimi nimetegemea idadi ya alama. Mchina huandika alama moja kwa silabi moja, na hili halikujengwa upya na mtu yeyote. Alama nne ni silabi nne, liwe neno lilitamkwa vipi.

MSIKIZI: Na waziri je? Kitibeti chaandika blon, na Wachina waliandika alama moja tu, Lun. B imekwenda wapi?

BIBI: Hapo sina hoja kubwa. Yamkini b mbele ya l ilikuwa nyepesi mno kwa sikio lao. Yamkini cheo hicho walikwisha kukizoea wakakifupisha. Sikio la mgeni hushika linachoweza kukishika, nami sitamlazimisha shahidi wangu aseme asiyoyasikia.

Jibu hili lanipendeza kuliko hoja yake yote, kwa kuwa kosa la wengi katika ilimu hii limekuwa kumfukuza shahidi mzima kwa neno moja lisilopatana, au kumfunika aibu yake ili aonekane mkamilifu. Maalim, hata hivyo, alikwisha kufurahi mapema, na Bibi hakumwacha.

BIBI: Usistarehe bado, Maalim. Maandishi ya nane ni brgyad, na ya mia ni brgya, nawe wasema kwamba kila herufi yake ilitamkwa, nami nimekukubalia. Lakini katika Kiburma cha mawe ya kale mia ni rya, na nane huandikwa rhac, hamna g. Katika Kichina maneno hayo mawili yalianza kwa p, wala g haimo mwanzoni. Jamaa wote wa ukoo wakikosa g, na Kitibeti peke yake kikawa nayo, lililo karibu na akili ni kwamba g hiyo ni mgeni aliyeingia baina ya r na y, kwa kuwa ulimi ukipita kutoka r kwenda y huweza kuzaa kizuizi kidogo njiani. Kadhalika nyoka: Kitibeti chaandika sbrul, Kiburma mrwe, na wako wanachuoni wasemao kwamba Kitibeti kiligeuza mr ikawa br kabla hakijapata kuandikwa. Nathan Hill amezikusanya kanuni za namna hii katika kitabu chake cha mwaka 2019, akaziita kwa majina ya wanachuoni walioziona kwanza. Hiyo ya g ameiita kwa jina la Li Fang-Kuei. Kwa hiyo herufi zako zatamkwa, ndiyo, lakini hazitufikishi mwanzo wa lugha. Hata Mbalti akisema "bgyat", huhifadhi sauti ambayo babu wa babu zake hakuwa nayo.

MAALIM: Sikudai kwamba katibu wa mwaka 655 alikuwapo siku ya kuumbwa kwa lugha. Nilidai kwamba aliandika alichokisikia, na hilo hujalivunja. Fauka ya hayo, maandishi yenyewe yatuonyesha kwamba yalifuata ulimi ulipokuwa ukigeuka. Katika hati za kale mtu huandikwa myi, na baadaye mi. Maneno mengi yaliyoishia kwa n, r au l yalikuwa na d nyuma yake, kama gyurd, kisha d ikaachwa. Mapokeo huyafungamanisha mageuzi haya na matengenezo ya lugha yaliyoamriwa na dola mwanzoni mwa karne ya 9, ambayo amri yake mashuhuri ya mwaka 814, zama za mfalme Tride Songtsen, ilikusudiwa kuwapa wafasiri wa vitabu vya dini ya Buddha istilahi moja. Makatibu walithubutu kuifuta herufi ambayo sauti yake imekufa. Je, wangeifuta d ile na kuziacha nyingine kumi zilizo kimya? Walioziacha waliziacha kwa kuwa walizisikia bado.

MSIKIZI: Hapo nakuunga mkono, tena nina ushahidi ambao huenda ukakufurahisha. Kanuni ya sarufi yasema kwamba baada ya n huwekwa du, si tu. Lakini neno la "sana" ni shin tu, na neno la "kote" ni kun tu, kinyume cha kanuni, na kila mwanafunzi huyakariri bila ya kujua sababu. Sababu ni kwamba yalikuwa shind na kund. D imefutwa, na t iliyoamshwa nayo imesalia.

MAALIM: Ahsante, mwanangu. Nami nikurudishie wema huo. Wewe wapenda mambo yaliyo katika kinywa. Tazama basi jambo lililo katika maandishi, ambalo Li Fang-Kuei alilionyesha mwaka 1933. Miongoni mwa herufi tano ziwezazo kutangulia zimo g na d. G hutangulia herufi zitamkwazo kwa ncha ya ulimi au karibu yake, kama t, n, ts, s na z. D hutangulia zile za midomo na za nyuma ya kinywa, kama p, m, k na ng. Hazigombani mahali hata pamoja. Mahali pa g d haiji, na mahali pa d g haiji. Hakuna karani awezaye kubuni taratibu kama hiyo kwa ajili ya urembo. Ni kinywa kilichokataa kutamka g mbele ya k, na d mbele ya t, kikazigawia kazi. Pengine hapo kale zilikuwa sauti moja.

Hapa yanipasa niseme langu bila ya kumsemea mtu. Katika Ladakh kumekuwa na ugomvi wa muda mrefu: je, iruhusiwe kuandika kwa lugha isemwayo na watu, au ishikwe ile ya vitabu vya dini peke yake? Mmisionari August Hermann Francke alipoanzisha gazeti huko Leh mwaka 1904, akaliita kwa jina lenye neno la Kiarabu akhbar, ambalo nasi tunalo, swali hilo lilikuwako tayari, na halijapoa. Wako wenye ilimu wasemao kwamba usemi wa watu wa kawaida ni uharibifu wa lugha, na kwamba kuuandika ni kuidhalilisha hati takatifu. Mimi naistahi hati ile kwa dhati ya moyo. Lakini nikitazama ushahidi wote uliotangulia, naona kwamba wachungaji wa Amdo, wakulima wa Ladakh na Waislamu wa Baltistan ndio walioziweka hai sauti ambazo hati ilizihifadhi kwa wino tu, ilhali mji mkuu wenye vyuo na maktaba ndio ulioziacha. Kumwita mharibifu yule ambaye kinywa chake kinatimiza herufi nyingi za kitabu chako ni jambo lisilo na haki wala ilimu. Na kila kijana wa mabonde hayo anayeona haya kusema kama bibi yake huchukua pamoja naye ushahidi usioweza kupatikana mahali pengine, kwa sababu karatasi za Dunhuang zimekwisha kuokolewa, ziko London na Paris, tangu Aurel Stein na Paul Pelliot walipozichukua mwaka 1907 na 1908. Bali matamshi ya kijiji kisichoandikwa hayana pango la kuyahifadhi.

Na tusidhani kwamba mashahidi wakikutanishwa wote husema neno moja. Iko herufi moja, ya 23 katika zile 30, ambayo wanachuoni wa Ulaya huiandika kwa alama ya mkato, na juu yake hao watatu hawakupatana.

MSIKIZI: Mimi nasema ilikuwa sauti ya puani. Huko Amdo na Kham, ikitangulia d au g, husikika kama n hafifu. Na Lhasa yenyewe, mkusanyo mkubwa wa maneno ya Buddha, unaoandikwa bka' 'gyur, huitwa Kangyur, na jamii ya watawa, dge 'dun, huitwa Gendün. N hizo hazimo katika maandishi ila kwa herufi hiyo.

BIBI: Na neno la nuru, 'od, ambalo herufi hiyo hiyo ndiyo konsonanti yake ya msingi? Hapo hakuna asikiaye n. Mimi nafuata wale wanaosema ilikuwa sauti ya kooni yenye ghuna, kama gh yetu katika neno ghali. Ikisimama peke yake ikalegea hata ikatoweka, na ikibanwa mbele ya konsonanti nyingine ikapandishwa puani.

MSIKIZI: Gh ipande puani kwa sababu gani, Bibi? Sauti haipandi kwa kutakiwa na mwanachuoni. Labda zilikuwa sauti mbili zilizogawana herufi moja.

MAALIM: Hilo ndilo nisilolikubali. Mtu aliyekuwa na sikio la kutenga c na ch na j, ts na tsh na dz, z na zh, s na sh, akampa kila mmoja herufi yake, hakushindwa kutenga sauti ya pua na sauti ya koo, seuze alikuwa tayari na n, na m, na ng, na ny za kumtosha. Ama muniletee neno moja, la jiwe au la mchungaji, ambamo sauti hizo mbili zinakabiliana mahali pamoja na kubadili maana, au mkiri kwamba ilikuwa moja, nasi tuitafute.